Somo la 7: Chungu Apandaye Nyumba Yake

SABATO MCHANA

Mafungu ya juma hili: Mithali 6:6–11, Mithali 30:24, 25, Marko 4:26–29, Luka 13:6–9, Matendo 11:22–26, Yohana 10:11–13, Waefeso 2:14–22, 1 Wakorintho 3:5–9.

Fungu la kukariri: Mithali 6:6–8. Kila mwanadarasa alisome leo katika Biblia yake, na Sabato ijayo alitamke kwa moyo mbele ya darasa.

Msomaji wa Afrika Mashariki anapokutana na neno "chungu" katika kitabu cha Mithali, huwakumbuka wale anaowajua: siafu wanaopita kwa msafara baada ya mvua, majimoto wa kwenye mwembe, au sisimizi wanaofuata punje ya sukari jikoni. Juma hili somo linampeleka mbali zaidi, mpaka visiwa vya Fiji katika Bahari ya Pasifiki, kwenye misitu ya mvua ya Vanua Levu na Taveuni. Mstari wa nyuzi 180 wa ramani ya dunia unakatiza kisiwa cha Taveuni, na jua la Ijumaa huzama huko saa tisa hivi kabla ya kuzama Nairobi au Dodoma. Waadventista wa huko huikaribisha Sabato wakati ndugu zao wa Afrika Mashariki wangali kazini.

Katika misitu hiyo anaishi chungu mdogo ambaye wataalamu wamempa jina la Philidris nagasau. Nyumba yake ni mmea uitwao Squamellaria, wa jamii moja na mbuni. Mmea huu hauoti ardhini. Huota juu ya matawi ya miti mikubwa bila kuinyonya, na shina lake huvimba kwa chini kama kiazi kikubwa. Ukiupasua uvimbe huo utakuta vyumba na njia, na ndani yake chungu wakiishi na kulea watoto wao.

Mwaka 2016 watafiti Guillaume Chomicki na Susanne Renner, waliokuwa katika Chuo Kikuu cha Munich, Ujerumani, walieleza kwamba chungu huyu haokoti nyumba hiyo njiani. Anaipanda mwenyewe, kuanzia mbegu. Analinda mche, anautilia mbolea, na mwishowe anaingia kuishi ndani ya alichokipanda. Chungu bila mmea hana makao, na mmea bila chungu hauna mkulima.

Suleimani alimwagiza mvivu aende kwa chungu akajifunze. Juma hili kanisa linaagizwa vivyo hivyo, kwa kuwa kuna uvivu ambao hauonekani kwa macho. Ni uvivu wa kanisa linalofurahia kuvuna watu, kisha likasahau kuwalea.

JUMAPILI: Bila Akida wala Msimamizi

Soma Mithali 6:6–11 na Mithali 30:24, 25. Ni jambo gani kuhusu chungu ambalo mwandishi anataka mvivu alione kwanza?

Angalia kwamba kabla ya kutaja chakula na mavuno, Suleimani anataja uongozi. Chungu, asema, hana mkubwa wa kumsukuma, na bado anafanya kazi. Mvivu hakosi nguvu. Anachokosa ni moyo wa kuanza pasipo kuitwa. Ndiyo maana kifungu kinaishia kwa mtu aliyelala, anayeomba usingizi kidogo tu zaidi, mpaka umaskini unamfikia kama mtu mwenye silaha.

Yule chungu wa Fiji anaonyesha jambo hilohilo. Matunda ya Squamellaria yakifika wakati wake, chungu watenda kazi huzitoa mbegu na kuzichukua. Hawazili. Huzunguka juu ya mti wakitafuta ufa katika gome, kisha huzitia mbegu humo moja moja. Baada ya hapo hurudi na kurudi kupakagua mahali walipopanda. Hakuna tangazo lililotolewa, wala orodha ya zamu iliyobandikwa mlangoni. Muumba ameweka ndani ya kiumbe hiki kidogo mwelekeo wa kutenda linalopasa kwa wakati wake.

Ni vizuri kuwa mwangalifu hapa. Biblia haifundishi kwamba mtu ataokolewa kwa bidii kama ya chungu. Chungu hafanyi kazi ili awe chungu. Anafanya kazi kwa sababu ni chungu. Vivyo hivyo mwamini hatendi mema ili apate kuwa mwana wa Mungu. Waefeso 2:8–10 inaweka mambo hayo kwa utaratibu wake: kwanza neema, kisha kazi njema ambazo Mungu alizitengeneza tangu awali ili watu wake waenende nazo. Anayegeuza utaratibu huo huchoka upesi, na kuchoka kwake huwa uchungu kwa wengine.

Lakini kanisa nalo lina ugonjwa wake wa kusubiri akida. Mgonjwa hatembelewi mpaka mchungaji aulize. Kijana aliyekosa Sabato tatu hatafutwi mpaka jina lake lisomwe barazani. Kila mmoja anadhani ni kazi ya mzee wa kanisa, naye mzee anadhani ni kazi ya shemasi, na shemasi anasubiri kikao.

Fikiria: Ni jambo gani jema unalolijua, ambalo umekuwa ukisubiri uagizwe ndipo ulifanye?

JUMATATU: Mbegu Katika Ufa wa Gome

Soma Marko 4:26–29. Mpanzi anafanya nini, na ni nini asichoweza kukifanya?

Katika mfano huu Yesu anazungumza juu ya mtu anayemwaga mbegu, kisha analala na kuamka usiku na mchana, na mbegu inaota kwa namna asiyoijua yeye. Kwanza jani, kisha suke, kisha ngano pevu. Kazi ya mpanzi ni ya kweli, lakini uzima hautoki kwake.

Siku chungu wa Fiji anapoitia mbegu katika ufa wa gome, hakuna nyumba hapo. Hakuna chumba hata kimoja. Mbegu ni ndogo, na gome la mti ni mahali pagumu pa kuanzia maisha. Udongo hakuna, na maji ya mvua huteremka na kupotea. Mche unapoota hulazimika kurefusha kishina chembamba ili utoke nje ya ufa ndipo uanze kuvimba. Ukiutazama wakati huo hungeamini kwamba siku moja mamia ya viumbe watalala ndani yake.

Hata hivyo, chungu hapandi popote tu. Katika uchunguzi wao wa baadaye, watafiti waligundua kwamba chungu hawa hupendelea kulima mahali penye jua kamili. Mmea ulio juani hutoa maua mengi zaidi kuliko ulio kivulini, na maua hayo ndiyo yenye chakula cha chungu. Msomaji wa Biblia atakumbuka Malaki 4:2, ambapo Bwana anafananishwa na jua lenye uponyaji. Mbegu ya Neno iliyopandwa katika moyo wa mtu inahitaji kuwekwa karibu na Kristo mwenyewe. Mtu akipandwa karibu na mhubiri hodari, au karibu na kwaya nzuri, au karibu na msaada wa chakula, atakuwa kivulini. Mhubiri akihama, naye atahama.

Fikiria mama mmoja anayeuza nyanya katika mji mdogo. Yalikuwapo mahubiri ya hadhara kwa majuma matatu, naye alihudhuria kila jioni baada ya kufunga meza yake. Alisikia habari za Sabato kwa mara ya kwanza. Siku ya ubatizo aliingia majini pamoja na wengine arobaini. Kanisa liliimba, picha zikapigwa, taarifa ikapelekwa, na hema likang'olewa. Lakini gulio la mji ule liko siku ya Jumamosi, na karibu nusu ya mapato yake ya juma hutoka huko. Sabato ya kwanza alikuja kanisani. Sabato ya pili alikuja. Jumatatu iliyofuata watoto walirudishwa nyumbani kwa ajili ya michango ya shule.

Mbegu imetiwa katika ufa. Ni mbegu nzuri, na ufa ni wa kweli. Swali ni nani atakayerudi kuitazama.

Fikiria: Katika kanisa lako, ni kitu gani huhesabiwa na kuandikwa: mbegu zilizopandwa, au miche inayoendelea kuishi baada ya mwaka mmoja?

JUMANNE: Samadi ya Mwaka Mmoja Zaidi

Soma Luka 13:6–9. Mtunza shamba aliomba nini, na aliahidi kufanya nini?

Mtini ulikuwa umesimama miaka mitatu bila tunda. Mwenye shamba alikuwa na haki ya kuukata. Lakini mtunza shamba aliomba mwaka mmoja zaidi, na hakuomba bure. Alisema ataupalilia na kuutilia samadi. Maombezi yake yalikuwa na jembe mkononi. Watu wengi huombea walegevu wapewe muda, ila wachache hushika samadi.

Hapa chungu wa Fiji anafundisha kwa namna ambayo haikutarajiwa. Mche wa Squamellaria ungali mdogo kabisa hufanya chumba chake cha kwanza chenye tundu la kuingilia. Chumba hicho hakitoshi kukaliwa. Lakini chungu watenda kazi huingia humo kila mara na kuacha kinyesi chao, kisha hutoka. Mmea hufyonza virutubisho hivyo na kukua juu ya gome lisilo na udongo. Hata mmea ukisha kuwa mkubwa, ndani ya vyumba vyake zipo sehemu zenye vipele vidogo vinavyofyonza, na sehemu nyingine zenye kuta laini. Chungu huyu huacha kinyesi kwenye vipele peke yake. Anapeleka mbolea mahali inapohitajika, wala haitupi ovyo.

Kutia samadi si kazi ya heshima. Hakuna anayepigiwa makofi kwa ajili yake, na inanuka. Katika kanisa kazi hiyo ina sura nyingi. Ni kukaa na mwamini mpya aliyekasirika kwa sababu mume wake amemfungia mlango. Ni kumsikiliza kijana aliyeanguka bila kwenda kulitangaza jambo lake. Ni kumfundisha mtu mzima namna ya kuifungua Biblia, jinsi ya kuomba kwa maneno yake mwenyewe, jinsi ya kupanga bajeti ili zaka isiwe mzigo. Ni kurudia jambo lile lile juma baada ya juma.

Soma Matendo 11:22–26. Barnaba alipofika Antiokia na kuona watu wengi wamemgeukia Bwana, hakurudi Yerusalemu kupeleka hesabu. Alikwenda Tarso kumtafuta Sauli, na wote wawili wakakaa na kanisa lile mwaka mzima wakifundisha. Ni mwaka mmoja, kama ule wa mtunza shamba. Na mji huo ndio ambao wanafunzi waliitwa Wakristo kwa mara ya kwanza.

Yule mama wa nyanya hakuhitaji hotuba nyingine juu ya amri ya nne. Alikwisha kuiamini. Alihitaji mtu wa kuketi naye na kumuuliza: "Mama, gulio la Jumamosi utalifanyaje?" Pengine wanawake wa Dorkasi wangemsaidia kutafuta wateja wa siku za katikati ya juma. Pengine familia nne za waumini zingenunua nyanya kwake kila Alhamisi. Hayo ni mambo madogo, nayo ni samadi. Sabato ya tatu alikaa kiti cha nyuma, akatoka kabla ya ombi la mwisho. Sabato ya nne alikuwa gulioni.

Fikiria: Ni nani aliyekutilia samadi ulipokuwa mchanga katika imani? Alifanya nini hasa?

JUMATANO: Wapangaji na Wakulima

Soma Yohana 10:11–13. Tofauti kati ya mchungaji mwema na mtu wa mshahara inaonekana wakati gani?

Siku za kawaida ni vigumu kuwatofautisha. Wote wawili wanatembea na kondoo, wote wawili wanashika fimbo. Ni mbwa mwitu anapokuja ndipo inajulikana kondoo ni mali ya nani.

Huko Fiji ziko aina nyingine za Squamellaria ambazo hazilimwi na mtu yeyote. Vyumba vyake hukaliwa na chungu wa namna mbalimbali wanaotokea tu. Hao ni wapangaji. Hawakuipanda nyumba na hawataipanda nyingine. Kinyesi chao huacha popote ndani ya vyumba, kwenye kuta laini na kwenye vipele bila kuchagua, hata mmea unafaidika kidogo.

Katika mojawapo ya aina hizo limeonekana jambo la kutisha. Koo za chungu wasiopatana huishi ndani ya mmea mmoja, kila ukoo katika chumba chake chenye mlango wake wa nje, na ukuta katikati. Kwa nje kuna amani. Lakini watafiti walipoziondoa kuta hizo, chungu walikutana na kupigana mpaka kuuana. Amani ile ilikuwa ya ukuta tu.

Kwa yule chungu mkulima hali ni tofauti. Juu ya mti mmoja kunaweza kuwa na mimea mingi aliyoipanda, nayo yote imeunganishwa kwa njia za chungu wanaokwenda na kurudi. Chakula kikipatikana huku, hufika na kule.

Soma Waefeso 2:14–22. Paulo anasema Kristo alifanya nini na ukuta wa katikati?

Kanisa linaweza kuwa na amani ya aina ya kwanza. Wenyeji wanakaa upande huu na wageni upande ule. Wazee wana ibada yao na vijana wana programu yao. Familia mbili hazijasemezana tangu mgogoro wa kiwanja, lakini hakuna kelele kwa sababu hawakutani. Kristo hakufa ili kuwapa watu kuta nzuri. Aliubomoa ukuta, na alipoubomoa hakuwaacha wapigane. Aliuua uadui wenyewe msalabani, akawafanya kuwa jengo moja linalokua, makao ya Mungu katika Roho.

Mpangaji katika kanisa anaweza kujulikana kwa maneno yake. Husema "kanisa lenu", au "hao viongozi wenu". Paa likivuja, huhamia kanisa jingine. Mkulima naye hujulikana. Paa likivuja huleta ngazi, kwa kuwa anakumbuka siku msingi ulipochimbwa, au anataka watoto wake wawe na mahali pa kuabudia.

Ni kweli wako watu waliokuja kama wapangaji kwa sababu waliumizwa mahali pengine, na hao wanahitaji upole. Mpangaji anaweza kugeuka kuwa mkulima. Mara nyingi huanza siku anapokabidhiwa mche mmoja wa kutunza.

Fikiria: Je, maneno yako juu ya kanisa ni ya mpangaji au ya mkulima?

ALHAMISI: Aliyepanda na Aliyetia Maji

Soma 1 Wakorintho 3:5–9. Paulo anaigawaje kazi kati yake, Apolo na Mungu?

Fiji, nchi ya chungu huyu, ina historia yake ya kupanda katika kazi ya Waadventista. Mwaka 1886 John Tay, fundi seremala aliyekuwa amefanya kazi katika meli, alifika kisiwa kidogo cha Pitcairn. Hakuwa mchungaji aliyewekewa mikono. Alikaa huko majuma machache akifungua Biblia pamoja na wenyeji, nao wakaanza kuitunza Sabato. Lakini kwa kuwa hakuwa mchungaji, hakuweza kuwabatiza. Walisubiri miaka minne.

Ili kuwafikia watu wa visiwa hivyo, Waadventista wa Marekani walijenga meli ndogo ya matanga iliyopewa jina la Pitcairn. Washiriki wa Shule ya Sabato wataguswa kujua kwamba fedha za meli hiyo zilitoka katika sadaka za Shule ya Sabato, zikiwamo senti za watoto. Meli iling'oa nanga mwaka 1890, na mwishoni mwa mwaka huo watu zaidi ya themanini walibatizwa kisiwani Pitcairn.

Mwaka 1891 meli ilifika Suva, Fiji. Tay na mke wake Hannah walishuka wakabaki huko kufanya kazi. Haikupita hata nusu mwaka. Januari 1892 Tay aliugua akafa, akazikwa Suva. Kwa macho ya mwanadamu ilikuwa mbegu iliyotiwa katika ufa na kukauka. Lakini mwaka 1896 alifika John Fulton na familia yake, wakajifunza lugha ya Kifiji na kuendeleza kazi. Baadaye Pauliasi Bunoa, Mfiji aliyekuwa mhubiri katika kanisa lake la awali, aliupokea ujumbe na kuwa mmojawapo wa wahubiri wa kwanza wenyeji wa Kanisa la Waadventista nchini humo. Nyumba ilikuwa imeanza kuwa na vyumba.

Linganisha na Waebrania 11:39, 40. Mashujaa wa imani walishuhudiwa vizuri, lakini hawakuipokea ahadi katika siku zao. Mungu alikuwa na mpango uliowahusisha na wale ambao wangekuja nyuma yao.

Jambo moja zaidi kuhusu mmea wa Fiji linafaa kutajwa hapa. Katika aina zinazolimwa, utamu ulioandaliwa kwa ajili ya chungu umefichwa ndani ya ua, na hupatikana baada ya petali kupukutika. Wakati ua linapopendeza, utamu huo bado. Uzuri ukisha kudondoka, chungu aliyelima huja akatoboa mahali penyewe kwa taya zake, akanywa. Wazee wa kanisa wanaodhani wakati wao umepita wasome Zaburi 92:12–15. Kuna utamu ambao Mungu ameuweka baada ya petali kuanguka, na vijana wanauhitaji.

Fikiria: Kama kazi yako katika kanisa haitazaa tunda linaloonekana ungali hai, je, ungeendelea nayo? Kwa sababu gani?

IJUMAA: Jifunze Zaidi

Soma tena Zaburi 78:1–7, ukiangalia ni vizazi vingapi vinavyotajwa. Soma pia Zaburi 126:5, 6 na Wagalatia 6:7–10.

Chungu wa aina zinazokaribiana na Philidris nagasau huweza kujenga viota vyao wenyewe. Huyu wa Fiji hajengi. Makao yake yote ni mmea alioupanda. Ikitokea kwamba chungu wa leo wasipande mbegu, hakutakuwa na vyumba kesho. Kwa sababu hiyo kupanda si kazi ya ziada kwao, ya kufanywa nafasi ikipatikana. Ndiyo maisha yao.

Kanisa nalo liko hivyo. Majengo, viti, vyombo vya muziki na hata katiba ya kanisa haviwezi kuwa makao ya kizazi kijacho vikiwa peke yake. Makao yao ni watu waliopandwa katika Kristo na kutunzwa mpaka wakakomaa: mama aliyesaidiwa kuvuka jaribu lake la kwanza la Sabato, kijana wa Watafuta Njia aliyefundishwa kuomba, mwanamume aliyerudishwa kwa upole baada ya kuanguka. Wasipokuwapo hao, nyumba haina kuta.

Yule muuza nyanya bado yuko gulioni. Katika vitabu vya kanisa jina lake lipo. Hajatoa barua ya kujitenga, wala hajaikana imani. Akiulizwa na wateja, husema yeye ni Msabato, kisha hutazama chini. Mtunza shamba wa Luka 13 angesema nini juu yake? Na ni nani atakayeshika jembe?

Habari njema ni kwamba Bwana wa shamba hajachoka. Kristo mwenyewe ndiye aliyeomba mwaka mmoja zaidi kwa ajili ya kila anayelisoma somo hili, naye aliutia mti huo damu yake. Anayelijua hilo hawezi kupita kando ya mche wa jirani bila kuinama.

Maswali ya Kujadili

1. Someni pamoja Mithali 6:6–11. Kwa nini Mungu alimtuma mvivu kwa kiumbe kidogo namna hiyo badala ya kumtuma kwa mfalme au shujaa? Jambo hilo linasema nini juu ya kazi ndogo katika kanisa?

2. Wengine husema, "Aliyeokoka kweli hawezi kurudi nyuma, akirudi, hakuwa amebadilika." Linganisheni usemi huo na Luka 13:6–9 na Matendo 11:22–26. Wajibu wa mwamini mpya unaishia wapi, na wajibu wa kanisa unaanzia wapi?

3. Mashamba mengine huhitaji samadi, mengine huhitaji magugu kung'olewa. Darasa linawezaje kumkemea ndugu anayekosea huku likimlea? Toeni mfano bila kutaja jina la mtu.

4. Je, ziko kuta katika kanisa lenu zinazoleta amani ya juu juu tu? Zinaweza kuondolewaje kwa namna ambayo watu hawataumizana? Waefeso 2:14–16 inasaidia vipi?

5. Kabla ya darasa kufungwa, kila mmoja aandike kwenye karatasi jina la mtu mmoja aliyebatizwa miaka miwili iliyopita ambaye haonekani tena kanisani. Karatasi zisisomwe kwa sauti. Waombeeni. Kisha amueni nani atamtembelea nani, siku gani ya juma hili, na ni jambo gani moja la kusaidia atakalokwenda nalo mkononi.

Muhtasari: Mungu ndiye anayekuza. Lakini amewapa watu wake heshima ya kupanda, kulinda na kutia samadi. Chungu wa Fiji hukaa katika nyumba iliyotokana na mbegu ambayo mtu mwingine angeipuuza. Kanisa linalojifunza kwake halitahesabu tu waliozama majini; litawahesabu pia wale ambao, mwaka mmoja baadaye, wangali wamesimama na wameanza kupanda wengine.